Namna ya kuandika riwaya ya kutisha ya vijana kuhusu ubaguzi wa rangi na uonevu shuleni: mwongozo kamili

Nilikuwa kidato cha pili nilipoona nywele za mtu zikikatwa usiku. Alikuwa njuka, yaani mwanafunzi mgeni, baba yake Mhindi, mama yake Mpare, na bweni zima lilikuwa limeshamwita chotara kabla hata hajafungua tranka lake. Wasichana watatu wa kidato cha nne walimjia baada ya taa kuzimwa. Mmoja alimulika tochi, mmoja alishika mkasi, wa tatu alimziba mdomo. Mimi nilikuwa kitanda cha juu, nimejifunika shuka hadi puani, nikijifanya nimelala. Asubuhi matroni aliuliza nani kafanya. Hakuna aliyejibu. Yule binti hakumaliza muhula.

Riwaya yangu ya kutisha ilitokana na usiku ule. Niliitupa mara mbili kabla haijasimama, na makosa yaliyoiangusha ni yale yale ninayoyakuta leo kwenye miswada ya vijana ninaowasaidia kuandika. La kwanza ni kudhani kinachotisha ni mzuka. Katika riwaya ya namna hii kinachotisha ni bweni la watu arobaini walio macho, na hakuna hata mmoja anayetamka neno. Mzuka huja baadaye, kuuliza walichokiona.

Hatua ya kwanza: andika uonevu kabla ya mzuka

Chukua daftari. Kwa siku tatu usiandike hadithi, andika matendo tu. Sentensi kama "walimtesa sana" haina kazi. Andika kwamba ndoo yake ya maji ya kuoga ilimwagiwa unga wa sabuni. Kwamba alifulishwa soksi za kaka wa kidato cha nne kwa wiki sita. Kwamba alisimamishwa juu ya kitanda aimbe, na kila akikosea anaanza upya. Kwamba godoro lake lililowanishwa, kisha wakamwita kikojozi mbele ya foleni ya uji. Uonevu wa shule una vifaa vyake, na vyote ni vya kawaida: ndoo, shuka, kijiko, kengele. Ukivijua, umeshapata nusu ya vifaa vya kutishia, maana msomaji atakapoisikia ndoo ikiburutwa sakafuni saa nane usiku, atakuwa tayari anajua ndoo ile ilifanya nini mchana.

Kisha gawa daftari lako mara mbili. Upande mmoja weka anayotendewa kila njuka, upande wa pili anayotendewa huyu peke yake kwa sababu ya rangi au asili yake. Usivichanganye. Njuka wa kawaida anajua mwaka utaisha, atapanda kidato, na kwa bahati mbaya wengi wao humgeukia njuka mpya na kumlipa deni lile lile. Anayeonewa kwa rangi yake hana mwaka wa kumaliza. Atapanda hadi kidato cha sita na jina lile lile mgongoni. Tofauti hiyo ndiyo moyo wa riwaya yako, na waandishi wengi wanaipita bila kuiona.

Jiulize pia: huyu mwonevu wa miaka kumi na sita, neno la dharau analotumia kalitoa wapi? Hakulizua. Alilisikia dukani, au mezani kwao, au kwa mwalimu aliyetania darasani na darasa likacheka. Mpe kila mwonevu mahali alipolijifunzia neno lake, hata kama halitaingia kitabuni. Hapo atakuwa mtu, na mtu anatisha kuliko katuni.

Hatua ya pili: chagua shule na mwaka

Ubaguzi wa rangi una historia ya mahali. Usiuandike ukielea hewani.

Ukiuweka kwetu, historia ipo tele. Enzi ya Waingereza, Tanganyika ilikuwa na shule za Wazungu, shule za Wahindi na shule za Waafrika, kila moja na mlango wake na bajeti yake. Mgawanyo huo ulifutwa kisheria baada ya uhuru, mwaka 1962. Nairobi, Prince of Wales, iliyofunguliwa 1931 kwa wavulana wa Kizungu, ndiyo leo Nairobi School. Duke of York ikawa Lenana. Majengo yalibaki, majina yakabadilika. Mwandishi wa hadithi za kutisha akisikia hivyo anapaswa kusimama kidogo: ni nini kingine kilibaki ndani ya majengo yale?

Mfano ninaourudia kila mara ni wa Iringa. Mtwa (mtawala) Mkwawa wa Wahehe alijiua mwaka 1898 akikataa kukamatwa na Wajerumani. Kichwa chake kilikatwa na fuvu likapelekwa Ujerumani. Mkataba wa Versailles wa 1919 ulilitaja kwa jina na kuagiza lirudishwe, lakini lilirudi mwaka 1954, likawekwa Kalenga, Iringa. Miaka michache baadaye ikafunguliwa Iringa hiyo hiyo shule ya sekondari ya watoto wa Kizungu. Baada ya uhuru, shule ile ikapewa jina la Mkwawa, na leo ni chuo kikuu kishiriki cha elimu. Sijasoma jambo la kubuni linalonisisimua mwili kuliko mfuatano huo wa kweli.

Wala hakuwa peke yake. Mangi Meli, mtawala wa Wachaga, alinyongwa na Wajerumani Old Moshi mwaka 1900, na ukoo wake hadi leo unatafuta kichwa chake. Huko Berlin, watafiti wamechunguza mafuvu zaidi ya 1,000 yaliyochukuliwa kutoka iliyokuwa Afrika Mashariki ya Kijerumani, mengi yakiwa ya Rwanda. Yalipelekwa ili wataalamu wa enzi ile wayapime kwa rula na kudai kwamba watu wa rangi fulani ni bora kuliko wengine. Ubaguzi wa rangi ulikusanya vichwa vya watu, ukavipa namba, ukavifungia kabatini. Ukitaka kuandika kuhusu ubaguzi kwa njia ya kutisha, huna haja ya kutunga msingi. Umeshawekwa.

Katika riwaya yangu nilianza hapo. Shule ya milimani iliyokuwa ya walowezi, maabara ya baiolojia, kabati la mbao, na ndani yake fuvu la kufundishia ambalo hakuna mwalimu anayejua lilitoka wapi. Miaka yote wanafunzi wamelitumia kuwatishia njuka. Safari hii wanalitia kitandani kwa binti chotara. Kuanzia usiku huo fuvu linaanza kuuliza.

Angalizo: chukua historia ya shule za kweli, lakini jina la shule yako ulitunge. Hadithi ya kubuni isipake matope walimu na wanafunzi walio hai.

Ukiuweka Marekani, uache uwe wa Marekani. Mahakama ya Juu ya huko iliharamisha utengano wa shule mwaka 1954, lakini baadhi ya miji ya Kusini iliendelea kufanya dansi ya kumaliza sekondari mara mbili, ya weupe na ya weusi, kwa miongo mingi. Kaunti ya Turner, Georgia, ilifanya dansi ya kwanza ya pamoja mwaka 2007. Kaunti ya Wilcox, jimbo hilo hilo, wanafunzi wenyewe waliiandaa ya kwao mwaka 2013. Tazama mbinu iliyotumika: sherehe ziliandaliwa na wazazi kwa faragha, hivyo shule ikaweza kusema si yake. Kunawa mikono kwa namna hiyo kunatosha sura tatu. Na kama mhusika wako ni kijana wa Kikongo aliyelelewa kambi ya Nyarugusu, Kigoma, kisha akahamishiwa mji wa namna hiyo, Kiswahili chake kinaweza kuwa lugha pekee ambayo mzuka wa shule hauielewi. Hapo ndipo pake pa kujificha.

Hatua ya tatu: mpe mzuka sheria

Mzuka unaoweza kufanya chochote hautishi mtu. Andika kwenye karatasi moja mambo manne: unataka nini, unaanza na dalili gani, hauwezi kufanya nini, na unaondoka kwa gharama gani. Karatasi hiyo ibandike ukutani, na usivunje hata sheria moja kwa sababu tu sura inahitaji kelele.

Wa kwangu unauliza swali moja, "Uliona nini?" Hauwezi kumgusa aliyesema kweli. Anayedanganya anapoteza sauti, siku ya kwanza kidogo, ya pili zaidi, hadi anabaki anatembea, anakula, anakwenda prepu, lakini hasemi. Hili nililichota kwenye msukule. Msomaji wa Kitanzania hahitaji kuelezwa: mtu aliyezikwa na kuliliwa, kumbe yuko hai, amefichwa, anatumikishwa bila kauli. Tangu utotoni tunasimuliwa hivyo. Nilichofanya ni kuugeuza. Kwangu, msukule ni yule aliyeona akanyamaza.

Una hazina kubwa usiyohitaji kuiazima popote. Mombasa na Tanga kuna mwanamke mzuri wa usiku ambaye ukitazama miguu yake unakuta kwato. Kuna mazimwi ya ngano za bibi, kuna vibwengo, kuna wanga wanaocheza uchi uani. Lakini usimwage vyote kwenye sufuria moja. Chagua kimoja, kichimbe.

Na kuna jambo la kweli ambalo kila aliyesoma bweni la wasichana analijua: siku mashetani yanapopanda. Mmoja anaanza kupiga kelele, wa pili anaanguka, jioni ishirini wako chini na mapadre na mashehe wameshaitwa. Tukio maarufu zaidi lilitokea shule ya wasichana ya Kashasha, karibu na Bukoba, Januari 30, 1962. Wasichana watatu walianza kucheka na kulia bila kujizuia. Katika wanafunzi 159 wa shule ile, 95 walipatwa, na tarehe 18 Machi shule ikafungwa. Wasichana waliporudi makwao, kicheko kikaenda nao vijijini. Madaktari hawakukuta sumu wala kidudu. Lililokubalika na wengi ni kwamba miili ilisema kile ambacho midomo isingeweza kusema, katika shule zenye amri kali, kwenye nchi iliyokuwa na wiki saba tu za uhuru.

Somo kwa mwandishi ni hili: acha milango miwili wazi. Hadi katikati ya kitabu msomaji aweze kusema ni mzuka, na aweze pia kusema ni hofu ya mabinti walioficha jambo. Ukifunga mlango mmoja mapema, unapoteza nusu ya baridi.

Hatua ya nne: nani anasimulia

Wengi huanza na anayeonewa. Ni chaguo zuri kama umeishi maisha hayo au umekaa miaka na walioyaishi. Kama hukuwahi kubaguliwa kwa rangi, ninakushauri bila kusita: simulia kutoka kitanda cha juu, kwa sauti ya aliyeona. Ndipo ulipokuwa, na ndipo walipo wengi wa wasomaji wako.

Lugha iwe ya umri wao. Kijana wa miaka kumi na tano hasemi "nilighubikwa na simanzi." Anasema tumbo lilikata. Ila misemo ya mtaani ya mwaka huu itumie kwa kijiko, si kwa upawa, maana itakuwa imekufa kabla kitabu hakijafika dukani.

Maneno ya kibaguzi yaandike, usiyafiche kwa nukta. Msomaji aliyewahi kuitwa hivyo anajua unakwepa. Lakini litumie neno pale linapoumiza, si kila ukurasa, na msimulizi asilifurahie.

Sasa sentensi zenyewe. Mswada wangu wa kwanza ulikuwa hivi:

*Ghafla likatokea jitu la kutisha lenye macho mekundu kama kaa la moto, likacheka kwa sauti iliyotikisa bweni zima. Wote tukapiga mayowe.*

Baada ya miaka miwili ikawa hivi:

*Matroni aliita majina kama kila usiku. Tulikuwa thelathini na tisa. Tuliitika arobaini. Wa mwisho aliitika kwa sauti ya Rehema, na Rehema alishaondoka Jumatano.*

Tazama kilichopotea: "ghafla", macho mekundu, mayowe. Tazama kilichoingia: utaratibu wa kila siku ulioharibika kidogo, na jina la mtu ambaye wote wana deni naye. Fanya zoezi hili mara kumi. Chukua jambo la kila siku bwenini, kama foleni ya chakula, kengele ya alfajiri, mchakamchaka au kufagia, kisha liharibu kwa kitu kimoja tu.

Hatua ya tano: watu wazima

Riwaya nyingi za vijana zinawafanya walimu kuwa vipofu ili hadithi iende. Usifanye hivyo. Waache waone, halafu kila mmoja umpe sababu yake ya kutofanya kitu. Matroni anaogopa kazi yake. Mwalimu wa zamu alipitia hayo hayo na anaamini yalimkomaza. Mkuu wa shule ana ukaguzi mwezi ujao, na mzazi wa kiongozi wa waonevu ndiye aliyenunua jenereta. Hakuna hata mmoja aliye shetani, na ndiyo maana hakuna msaada. Mzuka nao usiwaruke watu wazima. Uwaulize swali lile lile.

Hatua ya sita: ratiba

Maneno 45,000 yanatosha. Sura thelathini za maneno 1,500. Ukiandika maneno 500 kila usiku, ni siku tisini. Theluthi ya kwanza isiwe na jambo lolote la ajabu lenye uhakika. Mjenge bweni: wanaocheka, wanaogawana karanga, anayeimba vibaya kanisani. Msomaji lazima alipende bweni ili aogope kulipoteza, na aone kwamba hata waonevu wana saa zao za upole. Kuanzia hapo, kila tukio la usiku liwe na mzizi mchana wa sura iliyotangulia. Usipouona mzizi, futa tukio.

Hatua ya saba: kisasi

Hapa ndipo nilipoitupa riwaya yangu mara ya pili. Nilikuwa nimempa binti chotara nguvu za kichawi, akaichoma shule na wote waliomwonea. Niliandika sura ile usiku mmoja nikitetemeka kwa furaha. Asubuhi niliisoma na kuelewa nilichofanya: waonevu walisema yeye si mtu, na mimi nikawathibitishia. Hasira yake iache iwepo, kubwa, bila kuitolea udhuru. Kinachotisha kitoke kwa waliotenda na walionyamaza. Asigeuzwe zimwi kwa ajili ya burudani ya wengine, wala asife kwa mkono wake ili wengine wapate fundisho. Kifo cha namna hiyo kikionyeshwa kama njia ya kushinda, kuna msomaji mmoja mahali fulani kitakayemfikia vibaya.

Jambo jingine silitanii. Usimtumie mtu mwenye ualbino kama mzuka au kiumbe wa ajabu. Watu wenye ualbino katika ukanda wetu wameitwa mizimu, wakasemwa kwamba hawafi bali hupotea, na kwa imani hizo wamekatwa viungo na kuuawa. Kama yumo kitabuni, awe mwanafunzi: ana kofia, ana rafiki, anachukia hisabati.

Hatua ya nane: wasomaji wa kwanza

Tafuta watano wa miaka 14 hadi 18, wazazi wao wakijua. Wape penseli. Waweke alama moja mahali walipoogopa, na alama nyingine mahali walipojisikia kudhalilishwa. Alama mbili zikikutana mahali pamoja, andika upya. Angalau mmoja awe wa asili ya yule unayemwandika, na akikuambia jambo si kweli, usibishane naye. Mara nyingi kijana akisoma hadithi hizi hufunguka kuhusu yake mwenyewe, kwa hiyo ujue mapema utampeleka kwa nani. Simu ya msaada kwa watoto, Tanzania na Kenya, ni 116, na ni bure.

Mswada ukikamilika, kuna tuzo za kuupeleka: Tuzo ya Taifa ya Mwalimu Nyerere ya Uandishi Bunifu kwa Watanzania, na ile ya Safal-Cornell kwa miswada ya Kiswahili. Soma masharti ya mwaka husika kabla ya kuhesabu kurasa.

Hatua ya tisa: mtafute aliyekuwepo

Hii ni kwa wale ambao hadithi yao ilianzia mahali pa kweli. Kabla ya kuchapa, mpelekee mswada yule iliyemtokea, kama yu hai na kama yuko radhi. Mimi ilinichukua miezi kumi kumpata. Ana watoto wawili sasa. Nilimwandikia kwamba akisema nisichapishe, sitachapisha.

Alikaa nao wiki tatu, kisha akanirudishia. Hakuwa amebadilisha chochote kuhusu fuvu, wala maabara, wala bweni lililopoteza sauti. Aliandika mara moja tu, kwa penseli, pembeni mwa ukurasa wa pili, penye tochi na mkasi: "Mkasi ulikuwa wako, dada. Walikuomba mchana, ukawapa."

Sura ya kwanza nikaianza upya siku hiyo hiyo.